Mzee wa Kipigo na Mtafsiri Wake

Baba mpendwa,

Wiki hii yule Mchina wako ametoa filamu nyingine, na nikajikuta nageuza shingo nikuambie. Basi nakuandikia.

Ulimpa jina la Mzee wa Kipigo, kwa sababu kwenye mikanda ya mwanzo alikuwa mpambe wa adui: anapigwa mapema, anakufa, picha inaendelea. Wewe ndiye uliyekuwa ukimsemea. Kwenye banda umiza la video kule Manzese, watu wamebanana kwenye mabenchi, ulishika kipaza sauti ukawatafsiria filamu nzima, na Kichina hukujua hata salamu. Ulimpa mke, ukampa na mama mkwe mkorofi. Wengine walilipa kiingilio kwa ajili ya huyo mama mkwe.

Tulipohamia Toronto ukawa mtu wa kupakia maboksi kwenye ghala la Downsview, na Jumamosi tulikwenda kwenye maduka ya Wachina ya Richmond Hill kununua filamu zake. Tukamwona anapanda: steringi, yule shujaa wa picha, kisha mwandishi, kisha mwongozaji. Akaacha ngumi, akaanza kutengeneza picha za watu wanaokula wali bila kusemezana. Nikilalamika kwa Kiingereza, ulinijibu kwa Kiswahili, "Mtu akichoka kupigwa anakaa chini, anaandika. Muache." Nadhani ulimwonea fahari, na wivu kidogo.

Kisha sukari ikakuchukua macho. Filamu yake ikaja ukumbini mjini, ameiandika, ameiongoza, na yeye mwenyewe ndiye mzee wa kwenye hadithi. Ukanishika mkono. "Leo utanitafsiria wewe." Niliogopa. Kiswahili changu kilikuwa cha kuombea chumvi mezani. Nilisoma maandishi ya Kiingereza ya chini, nikakunong'oneza nikichapia, maneno yakiniishia, nawe ukinisubiri bila kunisahihisha. Mwishoni yule mzee akafa kitandani, peke yake.

"Mbona umenyamaza? Amekufa?"

"Hajafa, baba. Amelala tu. Mwanawe amefika."

Ulicheka kidogo. "Steringi hafi, siyo? Nasikia watu wanavuta kamasi, mwanangu. Lakini endelea. Mimi nimefufua wengi."

Nikaendelea. Nilimpa huyo mwana begi, nikampa na habari za safari. Taa ziliwaka, watu wakatoka, mimi bado nasimulia.

Hii mpya nimeitazama peke yangu, nikasoma maandishi yote ya chini. Nimeelewa kila kitu, na imenichosha. Nimekukumbuka mno, baba, sina namna nyingine ya kulisema.

Kuna jambo hujalijua. Asubuhi ile hospitalini, daktari alieleza kwa Kiingereza, na mama akanigeukia nimtafsirie. Ulikuwa umelala pale pale, labda ulisikia. Nilitafuta mwisho mwingine, nikaukosa. Nikamwambia mama vile vile alivyosema daktari, kwamba hutaamka tena.

Pumzika, baba. Mama anakusalimu.

Ni mimi, binti yako