Kisima cha Babu Yako Kifunge

Ghubra, Maskati

Mjukuu wangu Nassor,

Wewe mtoto huna haya. Tangu uingie udaktari, na juu yake ukajitwika udiwani, hujanitia machoni. Miaka minne! Mie magoti yashakataa ndege, wewe miguu mizima unaniletea picha kwenye simu kila Idi. Picha nitaikumbatia vipi? Haya, salaam aleikum. U mzima? Unakula? Mkeo hajambo? Mie mwili haujambo, moyo ndio umekwisha.

Anoandika ni binamu yako Thuwaiba, karudi sasa hivi kazini Al Khuwair, hata baibui hajavua. Nishamwambia asinitengenezee maneno.

Nassor, nimekosa. Uliponambia kisima cha babu yako huko nyumbani kimeingiliwa na maji ya vyoo, kwamba umeyapima na hayafai, nilikujia juu. "Babu yako kakichimba sadaka, thawabu zinamfika kaburini, na wewe unataka kumkatia?" Kisha nikafanya kubwa kuliko hilo, na sijakwambia mpaka leo. Nilimpigia Mzee Haji wa kamati ya msikiti, nikamwambia mjane wa mwenye kisima ni mie, na daktari asikiguse. Kumbe ushatia kufuli. Wakalivunja kwa neno langu.

Jana mchana mdogo wangu Zuena kanipigia, analia hata maneno hayatoki. Mjukuu wake Rahma anaharisha maji matupu, macho yamemzama, kapelekwa kwenye kambi yako ya wagonjwa. Nikamuuliza, "Maji mnateka wapi?" Akasema, "Kisimani, dada. Si wewe ulosema?"

Nilikuwa na gilasi mkononi. Maji ya kununua, Nassor! Huku kila wiki mtu anatuletea magudulia ya plastiki mpaka jikoni, maana maji ya mfereji shangazi yako Salma hatwachii tuyanywe. Mie nakunywa hayo, wenzangu nimewaamrisha wanywe ya chooni. Tangu jana sinywi maji mpaka Thuwaiba anitolee macho.

Nikampigia tena Mzee Haji. "Kifungeni!" Unajua kanijibu nini?

"Bi Shekha, juzi kifunguliwe, leo kifungwe. Sauti ya simu kila mtu ataitia maneno yake. Na huyo mjukuu wako anatafuta kura tu."

"Kura gani, wee Haji? Watu washabandua picha zake ukutani kwa ajili ya hicho kisima! Mwenye kutaka kura anafunga maji ya watu?"

Akasema, lete karatasi yenye dole lako. Haya, karatasi ndiyo hii. Thuwaiba ataipiga picha akutumie leo leo, na yenyewe anakuja nayo jirani yetu anayesafiri kesho. Isomwe msikitini baada ya sala yoyote itakayowahi. Ijumaa musiingoje, wallahi musiingoje.

Mie Shekha, mjane wa alochimba kisima, nasema kifungwe. Lile jiwe lenye jina lake ling'oeni kwa adabu, mulitie kwenye mfereji anaoupigania Nassor huko kwenye baraza la madiwani. Thawabu zitamfuata huko huko. Atakayevunja kufuli tena, ugomvi wake ni na mie, si na daktari. Na kama yuko wa kulaumiwa kwa Rahma, ni mie.

Thuwaiba ananiuliza, "Bibi, hilo la mwisho nilitoe?" Liache.

Nambie ukweli wa huyo mtoto, usinifiche kwa kuwa mie mzee. Anakojoa? Anakujua ukimwita? Mpe maji ya chumvi na sukari kijiko kijiko, hata akitapika usichoke. Najua unajua. Nnasema kwa sababu sina la kufanya huku, nimekaa tu nasikiliza kiyoyozi kinaunguruma.

Nisalimie mkeo. Nisalimie mama yako, mpe pole kwa maneno anayotupiwa sokoni kwa ajili yako. Zuena mwambie anitukane akitaka, lakini simu yangu apokee. Hata Haji msalimie, akishafunga.

Mie bibi yako nikupendaye, Shekha. Dole langu hilo hapo chini.

Na ukija, maana utakuja, usiniletee mbata wala pilipili manga. Niletee ufunguo wa hilo kufuli, unitie mwenyewe mkononi. Na Rahma umlete, kwa miguu yake, nimwombe radhi.