Nilisingizia Lenzi ya Kaka

Shangazi mpendwa, naomba unisikilize kwanza ndipo unigombeze, maana mwenyewe najua nimekosea. Nina miaka arobaini na sita, kazi yangu ni msaidizi wa kamera kwenye filamu, yule anayepima kwa futi umbali kati ya lenzi na uso wa mwigizaji, kisha mwigizaji akisogea nazungusha ringi ya lenzi taratibu ili uso wake usiingie ukungu, na kwa miaka kumi na tisa sikuwahi kumwangusha mpiga picha wetu mkuu, ambaye namwita kaka ingawa hatukuzaliwa pamoja.

Mwezi uliopita tulipiga tukio la mama anayesoma barua jikoni, mwigizaji akalia machozi ya kweli, na tulipoitazama picha uso wake ulikuwa ukungu mtupu, pua haijulikani wala jicho. Kaka akauliza kulikoni, nami, Shangazi, mdomo ukaniponyoka, nikasema lenzi imelegea. Ukweli ni kwamba tangu mwaka jana nilikuwa sizioni tarakimu za kwenye ringi, nabahatisha kwa mazoea, na niliogopa kwamba napofuka. Lenzi ile kaka aliachiwa na mwalimu wake, huifuta mwenyewe, hamwachii mtu. Ameipeleka kwa fundi mara mbili, fundi haoni kasoro, sasa amekata tamaa na Jumamosi anaiuza.

Juzi nikajikaza nikaenda kwa daktari wa macho, akanipima, akatabasamu, akasema, "Mama, huu ni umri tu. Vaa miwani." Nililia pale pale kwenye kiti kwa furaha, nikavaa miwani aliyonipa, nikasoma risiti yake mpaka maandishi madogo ya chini kabisa. Sasa nimwambie kaka, au niiache lenzi iende yaishe? Naogopa akijua nilimdanganya hataniita kazini tena.

Msaidizi wa Kamera

JIBU

Mwanangu, pole, na hongera kwa macho yako. Mwaka mzima na hofu ya upofu, peke yako, ni mzigo. Haya, pole imekwisha. Ulikuwa unabahatisha huku watu wanakuamini? Mama wa watu akalia machozi ya kweli ukayapoteza, kisha ukasingizia kioo? Umenichekesha na umeniudhi. Wanaoficha macho ni wengi, mume wangu alificha mpaka siku alipopiga mswaki kwa dawa ya kuchua misuli.

Huenda kaka yako akanuna wiki nzima, na ana haki. Lakini anaamini kwamba kitu alichoachiwa na mwalimu wake kimemsaliti, na ni wewe tu unayejua kwamba si kweli. Usimtumie ujumbe wa simu. Nenda kwake kesho, umwambie: "Kaka, lenzi ni nzima, macho yangu ndiyo mabovu." Kisha nyamaza afoke. Akimaliza, mwombe aifunge lenzi kwenye kamera, vaa miwani yako, upime umbali mpaka usoni pake, uzungushe ringi. Mwache aone mwenyewe.