Ngoma Tuliyomchezea Kuramochi

12 Julai 2009
Mwanangu Chinatsu,
Hujambo? Na mjukuu wangu Honoka? Mimi mzima, ila haya magoti tu. Kuna mtu wa filamu kaingia kijijini, anaitwa Kuramochi. Anataka kurekodi ngoma yetu ya kuwapokea marehemu wanapoturudia kila Agosti. Kila jioni anakaa uwanjani anatukodolea macho, halafu anamchekea kila mtu. Mtu wa namna hiyo ana lake jambo! Kesho utasikia ngoma ya wazee wetu inachezwa hotelini, watalii wanakula tambi. Simwamini ng'o.
Mama yako

20 Julai 2009
Mama, shikamoo.
Huku Tokyo hatujambo. Mama nawe, kila mgeni kwako mwizi! Mwache arekodi. Sisi tuliohama hatuijui hiyo ngoma, na ninyi mnazeeka.
Binti yako

3 Septemba 2009
Mwanangu,
Wazima huko? Mimi mbavu sina kwa kucheka. Tumemkomesha! Mimi, shoga yangu Kiyono na wazee wenzetu tumemchezea ngoma ya uongo. Mikono tumeigeuza, miguu tumeivuruga. Tulijifungia ghalani kwa Kiyono tukafanya mazoezi mpaka ikakolea, tusije tukaumbuka mbele ya kamera. Anasema atarudi mwakani. Aje tu, atapewa ileile.
Mama yako

2 Juni 2015
Mama, shikamoo.
Pole sana kwa kuondokewa na shoga yako Bi Kiyono, wa mwisho katika wenzako wa ngoma. Mama, Honoka amejifunza ngoma yetu kwenye filamu ya Kuramochi. Anawafundisha na wenzake, na Agosti wanakuja kuicheza hapo kijijini. Ana furaha, nimeshindwa kumwambia ni ya uongo. Umebaki peke yako unayeijua ya kweli. Tafadhali, mfundishe.
Binti yako

9 Juni 2015
Mwanangu,
Natumaini mu wazima. Nilipoisoma barua yako nilifunga mlango, nikasimama jikoni nicheze ile ya kweli. Naanza vizuri, halafu mikono inakwenda kwenye uongo. Yule mtu alirudi kila mwaka, nasi kila mwaka tukamchezea hiyohiyo, hata siku yenyewe ya marehemu, tusije tukanaswa; ile ya kweli hatukuicheza tena. Nimefumba macho, nimeimba, nimekaa chini nikaanza upya. Wapi! Nimelia, mwanangu. Marehemu wetu tutawapokea na nini?

Ulipokuwa mdogo nilikuwa nakubeba mgongoni nikicheza. Hebu jaribu kukumbuka. Hata mkono mmoja tu. Nijibu upesi.
Mama yako