Isale Lililopandwa Njiani

Kidia, Old Moshi,
22 Juni 2025.

Mpendwa mdogo wangu Ndelilio,

Bwana asifiwe. Habari za huko Oslo? Rachel hajambo, na watoto? Sisi tupo, ingawa sijui kama huku nako ni kuwepo. Baridi ya Juni imetukalia, mlima haujaonekana wiki nzima, na magoti yangu unayajua. Ng'ombe naye kazaa dume, kama vile tulimwomba hasara.

Ningekupigia simu, lakini kwenye simu ningelia tu na wewe ungeniambia nitulie. Baba anatuacha, Ndelilio. Hali kitu ila vijiko vichache vya mtori. Lakini kila asubuhi anataka avalishwe koti lake la jeshi la Keya, lile alilovaa alipovishwa nyota ya cheo na Waingereza, na vifungo ving'arishwe. Alivyokonda, siku hizi koti ndilo linalomvaa yeye.

Kinachomtesa si ugonjwa, ni Baba Mdogo Theodory. Ulikuwa mdogo, huenda hukuelezwa vizuri. Baba alipokuwa meya, iliamriwa vibanda vya kando ya soko vivunjwe, na kimoja kilikuwa cha Baba Mdogo, alichoshonea viatu. Baba Mdogo akamfuata ofisini na jani la isale mkononi, amwombe muda tu ahamishe vitu vyake. Hujasahau kwamba kwetu isale halikataliwi. Hata mtu aliyeuliwa mwanawe hulipokea, akasamehe. Baba alilisukuma pembeni ya meza. "Theodory, hapa ni serikali. Jani lako lirudishe nyumbani."

Kibanda kikavunjwa. Mji mzima ulimsifu Baba kwa kutopendelea ndugu, naye alizipenda zile sifa. Jeshini alijifunza kutii na kuamrisha, basi hata mdogo wake akamfanya kuruta. Tangu hapo Baba Mdogo, ambaye kihamba chake cha migomba na chetu vinagusana, hajakanyaga kwetu. Hata Mama tulimzika bila yeye.

Mwezi uliopita Baba alikata isale mwenyewe, shina na majani yake, akanituma. Nilimkuta Baba Mdogo anawakatia ng'ombe migomba. Nikamwamkia shikamoo, akaitikia, akalipokea kwa mikono miwili. Nilirudi mbio, mtu mzima mimi, nikipiga kelele uani, "Amepokea, Baba! Amepokea!" Baba akalia. Sikuwahi kumwona akilia.

Kesho yake nililikuta limepandwa katikati ya njia inayounganisha nyumba zetu. Kulia na kushoto amepanda masale mengine, safu moja, kama tunavyopanda mpakani. Njia ameiziba.

Baba sijamwambia. Macho yake hayafiki pale. Kila siku ananiuliza, "Theodory amekuja?" nami namwambia yuko njiani. Mchungaji alikwenda kumsihi, akanyweshwa chai, wakazungumza habari za mvua, akarudi. Sikufichi, nimekata tamaa kabisa.

Njoo, mdogo wangu. Viatu vyako vya kwanza vya shule alikushonea yeye, na alikuwa anakubeba mabegani hadi kanisani. Labda wewe hatakufungia njia. Ukichelewa tutamzika Baba huku mdogo wake akitutazama kutoka upande wa pili wa masale, na mimi sijui nitaibebaje siku hiyo.

Jana Baba aliamrisha, kwa sauti ile ya gwaride, kwamba njia ifyekwe ili mdogo wake asilowe umande. Nilichukua panga nikafyeka mpaka kwenye masale, nikasimama pale. Yameshika, Ndelilio. Yameanza kuchipua.

Mbusu Rachel na watoto kwa ajili yangu. Mwanangu Magreth na shemeji yako Isack wanakusalimu sana. Baba hana salamu kwa mtu, anamuulizia Theodory tu. Mungu akulinde, na akulete mapema.

Dada yako asiyechoka kukupenda,
Elinipendo