Nafasi Uliyomwachia Mama Darmi

Isiolo, Jumapili mchana

Mzee Guyo,

Salaam aleikum. Leo nimeanza na salaam, sikuanza na habari. Ulinikataza mara ngapi kuwauliza watu wa makaburi habari zao? Ulisema hawa hawana habari yoyote mpya, wape salaam, halafu uwaambie wewe ni nani. Basi ni mimi, Mutuma, karani wako wa makaburi ya askari, mtoto wa Mwirigi wa kule Maua. Nimekaa kwenye benchi lako karibu na lango, na tangu asubuhi nimechana karatasi tatu.

Nianze na madogo, maana lile kubwa linanikaba. Mvua haijanyesha tangu uondoke. Watu wa Gotu wanaleta mjini ng'ombe waliobaki mbavu, na mbuzi wanaingia humu ndani kupitia ule waya uliokuwa ukiukaza kila Jumatatu. Juzi nilimkuta mmoja amelala juu ya kaburi la yule askari wa Nyasa, nikamtukana kwa matusi yako ya Kiborana ambayo hata maana yake siijui. Mbuzi alielewa, aliondoka. Ofisi haijaleta mtu mahali pako. Chai najichemshia mwenyewe, na inatoka mbaya.

Mzee, Mama Darmi alikuja.

Ngoja. Siwezi kulisema hilo kabla ya kusema lile la kaseti, na lile la kaseti wewe hulijui. Ulikufa hulijui.

Unakumbuka zile mashine tatu zilipofika kutoka ofisi kubwa ya Nairobi, ndogo, za kuning'iniza shingoni, na vile vidude vya kuvaa masikioni? Barua ilisema mgeni atazunguka makaburi peke yake, sauti ya kaseti ikimwongoza kutoka jiwe moja hadi jingine. Nilidhani utakasirika. Miaka yote, tangu kabla mimi sijaletwa hapa, aliyewazungusha wageni kwa miguu ni wewe, wewe uliyeongoza ngamia wa jeshi wakati wa vita na kuwazika baadhi ya hawa kwa mikono yako. Lakini hukukasirika hata kidogo. Ulitembea siku hiyo kama bwana harusi. Ukaanza kutuma maneno kwenu Garbatulla kwa kila lori, kwamba Guyo akienda, sauti ya Guyo itabaki Isiolo.

Tukarekodi asubuhi nne. Ulishika kipaza sauti kama mtu aliyeshika kikombe cha chai ya moto. Na hapo ndipo tulipoanza kugombana, maana wewe hukuwa ukimweleza mgeni habari za marehemu, ulikuwa ukimweleza marehemu habari za mgeni. Ulisimama mbele ya jiwe, ukatoa salaam, ukasema, "Leo umepata mgeni. Mgeni, sema jina yako." Kisha ukanyamaza. Mkanda unazunguka, wewe umenyamaza tu, unamngoja mtu ambaye hayupo aseme jina lake na la baba yake, kwao ni wapi, ametoka huko na amani au hapana. Ndivyo mnavyosalimiana nyinyi, salamu peke yake inaweza kumaliza birika la chai. Nikakwambia, mzee, kaseti inaisha. Ukaniambia, "Karani, miguu yako iko na haraka. Inaenda wapi?"

Makaburi tisa yakamaliza kaseti nne. Barua ilitaka nusu saa.

Halafu ukaugua, ukalazwa, na ofisi ikauliza kazi imefika wapi. Ningeweza kuomba kaseti nyingine. Sikuomba. Mzee, nilipomaliza shule mimi nilitaka kuwa mtangazaji wa redio. Nilikwenda kujaribiwa sauti, nikaambiwa Kimeru kimejaa mdomoni, nirudi nyumbani. Sijawahi kumwambia mtu yeyote, hata mke wangu. Basi nikajifungia stoo na kaseti zako na kurasa nilizoandika mwenyewe kwa Kiswahili cha vitabuni, nikasoma. "Karibu, mgeni mpendwa. Sasa umesimama mbele ya kaburi la kwanza." Nilisoma juu ya sauti yako. Mashine tatu zilitaka kaseti tatu, na ile ya nne nikaifanya ya akiba, kwa hiyo hakuna hata moja iliyobaki. Kila nilipobonyeza kile kitufe chekundu wewe ulikuwa unafutika, na mimi nilikuwa najisikia vizuri. Hilo ndilo linaloniua. Nilijisikia vizuri sana.

Kisha nikaja wodini na machungwa. Ulikuwa umeisha, shuka limebaki limelala juu ya kitanda kana kwamba hakuna mtu. Uliniuliza kitu kimoja tu. "Ile nafasi yote ya mgeni, umeiacha?"

Nikasema nimeiacha yote, mzee.

Ukanishika kichwa ukaniombea dua, ndefu, kwa Kiborana na kwa Kiarabu, na mimi nimeinama pale napokea baraka ya kazi ambayo nilikuwa nimekwisha kuiharibu. Siku tatu baadaye tukakuzika. Nililia kupita watoto wako. Watu wakasema, mtazame yule Mmeru, alimpenda mzee kweli. Na kweli nilikupenda, huo si uongo. Mengine ndiyo uongo.

Sasa Mama Darmi. Wiki mbili zilizopita lori lilimshusha hapa langoni, mke wako, amepanda juu ya magunia tangu Garbatulla na ile barabara, vumbi mpaka kwenye kope. Alingoja eda iishe, akangoja tena mpaka apate mtu wa kumwachia wanyama. Alikataa maji. Alikataa kukaa. Alisema, "Nimekuja kusikia mzee."

Mdomo ulikuwa wangu, ningeweza kuufungua. Hakukuwa na mgeni mwingine, hakukuwa na mtu wa ofisi. Nikamvalisha mashine, nikamwekea vile vidude masikioni juu ya ushungi, nikabonyeza. Akasikiliza kidogo, uso umekunjamana. Akasema sauti yako imekuwa ya kijana, tena ya mtu wa shule. Nikamjibu kwamba mashine hubadilisha sauti, mama, ndiyo kawaida yake. Akakubali. Alisema hata simu ya posta humbadilisha mtu. Akaenda kwenye kaburi la kwanza.

Mimi nilibaki kwenye benchi hili hili nikimtazama. Alisimama mbele ya jiwe akatoa salaam. Akasema jina lake, akamtaja baba yake, akataja kisima chao, yote yale unayoyajua. Midomo yake ilikuwa ikienda taratibu. Na mimi najua kaseti inasema nini, niliiandika mwenyewe: najua kwamba alipokuwa bado kwenye jina la baba yake, sauti ilikuwa imeshamwambia ageuke kulia, hatua kumi na mbili, kaburi la pili. Alishtuka, akageuka, akaenda mbio mbio na lile goti lake bovu. Alipofika la pili kaseti ilikuwa inaeleza la tatu. Akasimama, akaangalia nyuma, akaangalia mbele. Nikaona anainua mkono, unajua vile mtu humwinulia mkono mwenzake aliyetangulia njiani, kwamba nisubiri. Alikuwa akiinulia hewa.

Baada ya hapo hakukimbia tena. Aliacha kaseti iende. Alisalimia makaburi yote tisa kama ulivyomfunza, mpaka la mwisho, la Dida, rafiki yako wa ngamia, akiwa amevaa mashine iliyokwisha kunyamaza. Kwa Dida alikaa sana. Alikuwa ameinamisha kichwa, amebana masikio kwa viganja.

Akarudi, akaivua, akanipa kwa mikono miwili. Akasema, "Kwa nini hakungoja mimi?"

Nikaanza kuukunja ule waya wa masikioni.

Akasema, "Yeye aliniambia atangoja mimi kwa Dida. Alisema, kwa Dida nimekuwekea nafasi. Nimefika, hayuko."

Na mimi, mzee, mimi mtu mzima mwenye watoto wanne, anayesoma masomo kanisani, nilimwambia labda ni betri.

Alinishukuru hata! Alipanda lori la jioni akarudi kwake, na sasa yuko Garbatulla na lile swali lake. Anafikiri mume wake, aliyemngoja kila mgeni, wazungu, wanafunzi, mapolisi, hata yule mlevi wa Burat aliyekuja kulala kivulini, mume wake huyo yeye tu hakumngoja.

Asubuhi ile ya nne naikumbuka vizuri. Tulikuwa kwa Dida. Ulisema maneno machache kwa Kiborana, si mengi, labda kama mtu anayeagiza kitu. Kisha ukanyamaza. Ulinyamaza muda mrefu kuliko kwenye makaburi mengine yote. Mimi niliangalia saa. Nikakuuliza umesema nini, na ni cha nani hicho kimya, ukanijibu, "Hiyo si yako, karani." Nikaudhika. Nikasema moyoni, huyu mzee anaharibu mkanda wa serikali. Na nilipoingia stoo, kaseti ya kwanza kufutwa ilikuwa ile. Niliona haina kitu. Ilikuwa na Kiborana ambacho wageni hawatakielewa, na baada yake hakuna.

Leo nimejivalisha mashine mwenyewe, mara ya kwanza tangu nirekodi, nikazunguka. Wewe, ni kitu kibaya mtu kusindikizwa makaburini na sauti yake mwenyewe! Nilijaribu kuwasalimia kama ulivyonifunza. Sikuwahi kumaliza salamu ya hata mmoja. Kila nikifungua mdomo kuna mtu masikioni ananiambia twende. Nilipofika kwa Dida nikasikia nilichoweka mahali pako. Mama Darmi hakukisikia akiwa hapo kwa Dida, ashukuriwe Mungu, kilikuwa kimeshapita. Kinasema, "Hapa ndipo mwisho wa matembezi yetu. Tafadhali rudisha mashine langoni."

Nimezifungia mashine zote kwenye kabati. Sijawaandikia ofisi kwamba zimeharibika, maana nimechoka kusema uongo. Nimeandika kwamba kaseti ina makosa na makosa ni yangu, na kwamba mgeni akija nitamzungusha kwa miguu na nitamngoja amalize. Wakitaka kunifukuza wanifukuze. Kazi hii ilikuwa yako.

Lakini hilo ni rahisi. Alhamisi kuna lori la kurudi Garbatulla, na nimeshamwambia dereva aniwekee mahali. Naogopa, mzee. Siogopi kutukanwa. Akinitukana nitashukuru. Naogopa kwamba ataniuliza ulisema nini pale kwa Dida, kabla ya kunyamaza, na mimi ndiye mtu wa pekee duniani aliyesikia, na sijui. Nimekaa na nyinyi miaka sita, nimejifunza matusi tu. Nimejaribu kuyakumbuka yale maneno, hata mlio wake, hata mwanzo wake. Nakumbuka saa yangu. Dakika saba na kitu ulinyamaza. Hiyo tu ndiyo niliyo nayo ya kumpelekea.

Basi pumzika, mzee wangu. Sitakuomba msamaha kwa barua, kwa sababu najua ungesema niuombe kwa mwenyewe. Nakuahidi sitashuka kwenye lori nikaanza na mvua na mifugo. Nitatoa salaam, nitasema jina langu na la baba yangu, halafu nitamwambia: mama, mzee alikungoja. Alikungoja muda mrefu kuliko mtu yeyote. Aliyeondoka ni mimi.

Karani wako,
Mutuma