Jina Ambalo Margareta Hakupewa

Mama Lulu mpendwa,

Usikasirike kwamba nakuandikia mbele za watu. Barua mbili nilizokutumia zimerudi hazijafunguliwa, na simu ukisikia sauti yangu unaikata. Ningefanyaje? Nimempa barua hii mhariri wa kijigazeti chetu cha Waswahili wa hapa Stockholm, kile tunachokichapa wenyewe na kukigawa baada ya ibada na baada ya sala ya Ijumaa. Najua mama yako bado anakipokea na wewe unakisoma kwake. Umekulia misheni Bukoba mpaka ukafika miaka kumi, Kiswahili ulikinywa na uji. Huwezi kusema hukunielewa.

Jumatatu nimepata karatasi ya mahakama. Mume wako anaomba Lulu awe mtoto wake kisheria, na baada ya hapo ataitwa Margareta Granström. Mimi baba mzazi naulizwa kama nina la kusema. Nimepewa wiki tatu. Nimeishikashika karatasi hiyo mpaka pembe zimelainika, Birgitta, na kila nikitafuta la kumwambia hakimu naona kosa ni langu mwenyewe.

Unakumbuka ulivyoingia kiwandani kwetu na tangazo la harusi ya kaka yako? Ilikuwa mwaka wa sitini na nane, mimi mwanafunzi wa uchapaji, mikono myeusi kwa wino. Bosi akaniita kwa jina, ukageuka ukacheka.

"Gustavu! Nani amekupa jina la wafalme wetu?"

"Mmisionari aliyenibatiza," nikasema. "Labda lilikuwa la babake."

Ukanijibu kwa Kiswahili, na mimi nusura niangushe trei nzima ya herufi. Jamani, mzungu, tena kwa lafudhi ya kwetu! Ukanieleza kwamba wataalamu wanabishana: wengine wanasema Gustav ni fimbo ya Wagoti, wengine wanasema ni mgeni mtukufu. Nikakwambia nachukua la pili, ingawa ugeni nauona, utukufu bado. Na la kwako, Birgitta, ukasema, lilitoka Ailandi, maana yake aliyetukuka. "Kwa hiyo nyumbani kwetu utukufu utaletwa na mimi," ukasema. Hiyo "nyumbani kwetu" iliniondolea usingizi wiki nzima.

Kila Jumamosi tulikaa na kitabu cha simu, wewe unafundisha, mimi nauliza. Kurasa na kurasa za akina Johansson, na wewe mmoja wao. Ukaniambia zamani watu wenu hawakuwa na jina la ukoo. Mtoto wa Johan aliitwa Johansson, naye Johansson huyo akiitwa Anders, mtoto wake akawa Andersson. Nikaruka kitini: kumbe na ninyi! Si sawa na Ali bin Juma? Ukasema ndiyo, ila baadaye majina yenu yakaganda kama ziwa la Mälaren mwezi wa Januari, na mtu akabaki mwana wa Johan ambaye hakumjua. Babu wa mama yako alikuwa askari, na kwa kuwa akina Andersson walizidi kikosini, ofisa akampachika Modig, yaani jasiri. Wengine walichoka kuwa wengi, wakachukua mti mmoja na maji kidogo wakajitungia jina. Tulicheka sana. Sikujua kuna mti na maji yananisubiri.

Lulu alipozaliwa tulikubaliana upesi juu ya jina la kwanza. Margareta, kwa Kigiriki lulu, na Lulu kwetu ni jina la binti. Tukaenda ofisi ya parokia kumwandikisha. Yule mama wa miwani akauliza jina la ukoo, na mimi, kichwa maji, nikasema, "Tusubiri. Jina litatoka kwa babu yake."

Ukanifinya chini ya meza. "Gustavu, weka la kwako. Mtoto asije akakosa vyote."

Nikakujibu kwa maringo, naona haya hata kuliandika: "Kwetu mtoto harithi jina la baba kama koti kuukuu. Anapewa lake." Nikamweleza yule mama kwamba tumezaliwa sita, baba mmoja mama mmoja, na kila mtu ana jina lake. Akavua miwani, akaifuta. Kisha, kwa kuwa hatukuwa na ndoa, akaandika jina lako. Johansson. La muda tu, nikasema.

Baba yangu alikataa kuliweka jina kwenye bahasha. Aliniandikia: "Jina halisafiri kwa posta. Mlete mtoto nimpakate, nilitamke mbele ya watu." Ndivyo ilivyo katika ukoo wetu, ulijua, na ulikubali. Tukasubiri likizo. Likizo ikapita. Tukasubiri nimalize mafunzo. Kisha treni ikafika kitongoji cha Vårby gård, tukapata ile nyumba mpya, tukasema tutulie kwanza. Ulinikumbusha mara ngapi? "Baba Lulu, ngoja ngoja huumiza matumbo." Methali ya kwetu, na ilibidi nikumbushwe na wewe. Nikakwambia wazee hawakimbiliwi.

Mwaka wa sabini na tatu baba akafa.

Sasa sikia jambo ambalo sijakwambia hata siku moja. Baada ya mazishi, mama aliniletea barua. Alisema baba siku zake za mwisho alikaa kitandani, akapakata mto kama anayempakata mtoto, akalitamka jina alilomchagulia Lulu mbele ya wajomba na majirani. Alikuwa nalo tangu siku ile alipopata habari za uzazi. Nikaisoma barua ile chooni, mlango nimeufunga, wewe unaniita chakula kinapoa. Nikaikunja nikaitia ndani ya droo, chini ya nguo za baridi.

Kwa nini? Aibu, Birgitta. Miaka mitatu umenibembeleza niandike jina, nije leo nikwambie jina limekuja na mwenyewe amekufa? Halafu nilijiona mwenye hekima: jina lililotamkwa juu ya mto, si juu ya mtoto, ni jina gani hilo? Tulikuwa tumeshaanza kugombana, kila neno vita. Nikasema nitakwambia tukipatana. Hatukupatana. Ukaondoka na Lulu, na barua ikabaki chini ya nguo. Majuto ni mjukuu, wanasema. Wangu ni mjukuu wa baba yangu, na sina cha kumpa.

Julai iliyopita, siku ya Margareta kwenye almanaka yenu, ambamo kila jina lina siku yake, nilimpeleka kula keki kama kila mwaka. Namsemesha Kiswahili, ananijibu Kiswidi, nimezoea. Akala krimu yote ya juu, kisha akaniuliza, "Pappa, wewe ni Johansson?" Nikasema hapana. "Granström?" Nikasema hapana. Akafikiri, kijiko mdomoni. "Sasa mimi na wewe ni watu wa nyumba moja kwa lipi?"

Mtoto wa miaka sita! Nilimfuta mdomo, nikamwambia ale keki. Hilo ndilo jibu nililompa mwanangu.

Kazini napanga majina kutwa nzima kwa herufi za madini ya risasi. Ubatizo wa fulani, ndoa ya fulani. Wiki hii vidole vyangu vimejiendea vyenyewe vikapanga Granström, nikavunja mstari, nikapanga tena. Msonobari na mkondo wa maji, ndiyo maana yake. Simchukii mume wako. Amemfundisha kuteleza kwenye theluji, anamsaidia hesabu, na mimi najua hilo jina ni zuri. Lakini nalitazama, Birgitta, na hamna mtu wangu ndani yake hata mmoja.

Sitakwenda kumvuta mtoto mahakamani. Nitajibu kwamba sina pingamizi. Nakuomba kitu kimoja, nakuomba nimepiga magoti: kabla hakimu hajaweka muhuri, mpakate Lulu, hata kama miguu yake imeshakuwa mirefu, mwambie jina lake. Kisha liandikwe katikati, baina ya Margareta na Granström. Katika nyumba yenu ni wewe tu unayeweza kulitamka kama linavyotamkwa kwetu.

Ndiyo maana sikukuandikia faraghani. Baba alisema mbele ya watu, na watu wangu hapa ni hawa wanaosoma. Nalitamka mbele yao, nimechelewa miaka saba: Kemilembe. Maana yake kwa lugha ya kwetu Bukoba unaijua, ni binti wa amani.

Msalimie mama yako. Ukikataa, karatasi za Sweden zitasema sikuwahi kuwa na mtoto, nami sitakuwa na cha kubisha. Lakini leo, hata kama ni kwa wiki tatu tu, niache nitie sahihi kama watu wa kwetu.

Ni mimi,

Baba Kemilembe