Wanawake wa Video

Jumapili, Agosti 1996

Bado nasikia kile kicheko. Tangu kibanda cha video kifunguliwe hapa Laare, mume wangu Mutwiri akishauza miraa yake hujifungia humo na vijana wenzake, wakitazama picha chafu. Akirudi anataka niige mambo ninayoona haya hata kuyaandika hapa.

Leo mchana, hapa nyumbani, niliwapelekea chai, yeye na marafiki zake wawili. Akanishika kiuno mbele yao.

"Huyu wangu ni gogo tu," akasema. "Wanawake ni wale wa video."

Wakacheka. Nikaweka birika chini.

"Na wanaume wa video, Mutwiri, umewaangalia vizuri?" nikamwuliza. "Wale hawachoki kabla ya kuanza."

Sasa wakamcheka yeye, mpaka mmoja akamwaga chai.

Jioni amenifuata jikoni na kufunga mlango. "Nkatha, yale maneno ulisema ni ya kweli?"

Si ya kweli, hata kidogo. Ningesema hapana, angepona. Naogopa huu moyo wangu, lakini...

Nilimwambia ndiyo, nikampakulia githeri.